Usambara kwa miguu: namna ya kupanga safari ya Lushoto hadi Mtae ukilala kwa wenyeji

Wengi wanaotaka kutembea Usambara huanza na kilomita: kwa siku tutakwenda ngapi? Hilo ni swali la mtu anayebeba hema lake. Ukilala kwa watu, safari inapangwa na kitanda. Mama atakayekupokea lazima ajue unafika lini, mko wangapi na mnakula nini, na lazima maji yawe yamechotwa na sufuria iwe mekoni kabla giza halijaingia. Kwa hiyo panga usiku zako kwanza, halafu kila usiku uutafutie mchana wake. Ukifanya kinyume, utajikuta saa 1 usiku mnabisha hodi kwa mtu ambaye hakuwa na habari zenu.

1. Ijue njia kabla hujampigia mtu simu

Milima ya Usambara iko mkoani Tanga, ndani ya Tao la Mashariki, ule mlolongo wa milima ya kale unaoanzia Taita huko Kenya na kushuka hadi Udzungwa. Bonde la Lwengera limeigawa Usambara mara mbili. Upande wa mashariki ndiko iliko Amani na msitu wake; upande wa magharibi ndiko kuna Lushoto, Soni, Bumbuli, Mlalo na Mtae. Mwongozo huu ni wa magharibi, na sababu ni vijiji. Huko hutembei saa nyingi bila kuona nyumba. Njia unazopita ndizo watu wanazopita kwenda shamba, shuleni, msikitini, kanisani na gulioni; huna haja ya njia maalumu ya wageni.

Safari inayoeleweka kirahisi ni ya siku tano, na usiku wake ni hivi:

Usiku wa kwanza ni Lushoto mjini, nyumba ya wageni au hosteli, kwa sababu siku hiyo unafika umechoka na bado kuna karatasi za kushughulikia. Usiku wa pili ni Lukozi au kijiji cha jirani, baada ya kuvuka msitu wa Magamba. Usiku wa tatu ni Rangwi. Huko watembeaji wengi hulala kwenye nyumba ya masista wa Kikatoliki, na mimi sioni ubaya wa kuchanganya: usiku mmoja wa kitanda kipana na utulivu katikati ya safari unasaidia. Usiku wa nne ni Mtae, mwisho wa milima, baada ya kupita Sunga. Siku ya tano unarudi Lushoto kwa basi.

Wenye siku tatu tu wasijibane kufika Mtae kwa miguu yote. Tembea Lushoto hadi Lukozi, kisha panda gari la abiria sehemu ya njia, ushuke na kumalizia kwa miguu. Hakuna anayekupa cheti.

Wenye siku nyingi na miguu iliyozoea wanaweza kuchagua njia ya kusini: Soni, Vuga, Bumbuli, msitu wa Mazumbai unaomilikiwa na Chuo Kikuu cha Sokoine cha Kilimo, kisha kuteremka bonde la Lwengera na kupanda tena hadi Amani. Ni ndefu, bondeni kuna joto kali, na nyumba za kulala lazima zipangwe mapema zaidi. Vuga ndiyo ilikuwa makao ya wafalme wa Kilindi, akiwemo Kimweri ye Nyumbai, ambaye utawala wake ulienea mbali nje ya milima hii. Mwongozaji asiyeweza kukusimulia habari za Mbegha, mwanzilishi wa ufalme huo, na ukoo wake mkiwa njia hiyo, mpe nauli arudi kwao.

2. Chagua mwezi

Masika ni Machi hadi Mei, vuli ni Oktoba hadi Desemba. Wakati wa masika udongo mwekundu wa Usambara huteleza sana, magari hukwama njia ya Mtae, na ukungu unaweza kukaa siku nzima usione hata bonde lililo chini ya miguu yako. Januari na Februari ni wazuri, kuna matunda pia. Juni hadi Septemba ni mkavu zaidi, lakini usidanganywe na neno "mkavu": Juni na Julai ni baridi ya kweli, na maeneo ya Shume na Magamba usiku unaweza kushuka hadi karibu nyuzi 10. Mtu wa Dar asiyekuwa na sweta nzito atakesha.

Angalia pia kalenda ya wenyeji. Usambara ina Waislamu wengi na Wakristo wengi, mara nyingi kijiji kimoja. Mwezi wa Ramadhani unaweza kutembea, lakini usitarajie mwenyeji aliyefunga akukaangie chapati saa 6 mchana kwa furaha. Kama ni lazima uende mwezi huo, beba chakula chako cha mchana na ule nje ya macho ya watu. Jioni utakaribishwa futari ambayo hutaisahau. Siku za kuvuna na kupakia mboga nazo nyumba nyingi hubaki tupu tangu alfajiri.

3. Mtafute mwongozaji, na umpime kwa swali moja

Ofisi za utalii wa kitamaduni ziko Lushoto mjini, jirani na stendi. Mpango wa aina hii ulianza nchini miaka ya 1990 kwa msaada wa Bodi ya Utalii, na Lushoto ni miongoni mwa maeneo yaliyotangulia, kwa hiyo wazoefu wapo. Tatizo ni wale wanaokudaka Mombo, mji wa barabara kuu unaposhukia basi, ukiwa bado unashusha begi. Mmoja atakwambia ofisi imefungwa, mwingine atakwambia yeye ndiye ofisi. Waambie asante, panda gari lako.

Ukikaa na mwongozaji, kitambulisho aoneshe, ndiyo. Lakini kipimo changu ni swali hili: "Usiku wa pili tunalala kwa nani?" Anayejua kazi atakutajia nyumba, atakwambia iko upande gani wa kijiji, ina vyumba vingapi, choo kikoje, na mbele yako atapiga simu kumuuliza mama kama siku hiyo yupo. Asiyejua atasema, "Usijali, nyumba zipo nyingi." Hapo ndipo pa kuanza kujali.

Mengine ya kumuuliza: anasema Kisambaa? Vijijini Kiswahili kinatosha, ila wazee hufunguka zaidi kwa lugha yao, na mwenye lugha ndiye atakayesikia kwamba daraja la mbele limevunjika. Amewahi kupita njia hiyo mwaka huu? Akiumwa siku ya pili, nani atachukua nafasi yake?

Kundi likizidi watu wanne, tafuta nyumba mbili zilizo jirani badala ya kubanana. Nyumba ya kawaida kijijini ina chumba kimoja cha wageni, pengine viwili. Mkijazana sita, watoto wa nyumba ndio watakaolala jikoni ili nyinyi mpate godoro.

4. Fedha: zivunjwe zionekane

Usikubali bei moja ya jumla kwa siku bila kuambiwa ndani yake mna nini. Omba ziandikwe kwenye karatasi: ujira wa mwongozaji, malazi kwa kila usiku, kila mlo, ada ya kuingia msituni, mchango wa kijiji kama upo, nauli ya kurudi. Ada ya msitu wa Magamba ni ya serikali, kupitia Wakala wa Huduma za Misitu, na inalipwa kwa namba ya malipo, nawe unabaki na risiti. Raia hulipa kidogo kuliko mgeni wa nje, hivyo beba kitambulisho cha NIDA. Mwongozaji akisema ada hiyo mpe yeye mkononi, mwambie unaomba namba ya malipo. Mwaminifu hatanuna.

Fedha ya malazi na chakula ndiyo inayoleta manung'uniko mengi. Msimamo wangu ni kwamba ifike mkononi mwa aliyepika, siku hiyohiyo. Panga na mwongozaji tangu Lushoto kwamba wewe ndiye utakayempa mama, asubuhi kabla ya kuondoka, kwa kiasi ambacho wote watatu mnakijua. Ofisi nyingine hukusanya kila kitu na kulipa wenyeji baadaye. Kama ndivyo, uliza ni lini, kisha ukifika muulize mama kwa upole kama huwa analipwa vizuri. Uso wake utakujibu kabla ya mdomo.

Toa fedha ya safari nzima Lushoto, benki zipo. Mbele ya hapo ni mawakala wa simu, na wakala wa kijijini anaweza kukuambia leo hana fedha taslimu. Beba noti ndogondogo. Noti ya elfu kumi kwa soda moja Rangwi ni kumtuma mwenye duka atembee kijiji kizima akitafuta chenji.

5. Begi

Lisizidi kilo nane au tisa. Viatu vilivyokwisha kuzoea mguu wako, vyenye meno, koti la mvua hata mwezi wa Julai, sweta nzito, soksi za kubadilisha, ndala za kuogea na kwendea chooni, tochi ya kichwani, karatasi za chooni, shuka jepesi la kujifunika au kutandika, chupa ya maji ya lita moja na nusu, dawa ya kusafishia maji, plasta, ORS na dawa zako, chaja ya akiba, kwani nyumba nyingine zina sola ya taa tu. Kanga au kikoi kwa kila mtu, mwanamke kwa mwanamume: ni taulo, ni sketi ya kupitia mbele ya wazee, ni pazia la bafu lisilo na mlango.

Mpagazi anapatikana ukimtaka. Mpe mzigo wa kiasi na umlipie chakula chake, hilo lisiwe jambo la kubishania mlimani.

Na zawadi? Kilo mbili za sukari, majani ya chai, mche wa sabuni. Nunua Lukozi au Lushoto, usivibebe kutoka mjini kwenu. Peremende na kalamu za kugawia watoto njiani ziache. Mtoto aliyepewa leo, kesho atamkimbilia kila mgeni akiomba, na wazazi hawapendi hata wasiposema. Ukitaka kusaidia shule, nenda ofisini kwa mwalimu mkuu.

6. Kufika na kujiandikisha

Basi lolote la barabara ya Dar na Arusha litakushusha Mombo. Kutoka hapo ni kilomita 33 hivi za lami yenye kona, kupita Soni, hadi Lushoto. Coaster na Noah zipo tangu asubuhi. Kaa mbele kama kichwa chako hakipatani na kona. Ukifika mapema, jioni hiyo nenda Irente, saa moja na nusu hivi kwa miguu kutoka mjini, ukaone milima inavyokatika ghafla na tambarare ya Mazinde kulala chini kabisa. Hakuna kizuizi ukingoni, na mawe yana mchanga juu yake. Picha ya kurudi kinyumenyume usipige.

Mwachie mtu wa nyumbani ratiba: kijiji cha kila usiku, na namba ya mwongozaji. Kijijini, kabla hujalala, jina lako litaandikwa kwenye daftari la wageni kwa mtendaji au mwenyekiti wa kitongoji. Wengine huona ni usumbufu. Ni kinga yako, na zaidi ni kinga ya mwenyeji wako, ambaye ndiye atakayeulizwa kesho wewe ni nani.

7. Siku za kutembea

Anza saa 1 na nusu asubuhi, lenga kufika saa 9, isipite saa 10. Jua Tanga linazama saa 12 na dakika kadhaa, lakini ndani ya msitu na kwenye mabonde giza huwahi. Ukifika saa 9 unapata mwanga wa kuoga, kufua soksi, kusalimia watu na kuijua njia ya choo. Saa hizi za jioni ndizo zinazotofautisha mgeni na mtu aliyekuja kulala tu.

Siku ya Magamba ndiyo yenye msitu. Hifadhi hii ya mazingira asilia ina zaidi ya hekta 9,000, na kilele chake kinapita mita 2,200. Ndani kuna miti mikubwa ya mikulo, mbega weusi wenye mabega meupe, kima, na vinyonga wa Usambara wenye pembe mbili puani. Kinyonga mtazame, usimshike. Ukikutana na mtoto aliyemtundika kijitini akitaka hela ya picha, pita. Ukilipa, kesho watakamatwa wengine. Ukungu ukishuka, kila mtu amwone aliye mbele yake. Njia za wakata kuni na za wachunga ng'ombe zinafanana sana na njia yenu.

Ukitoka msituni mandhari yanabadilika kabisa: viazi, kabeji, karoti, njegere, matuta yamepanda mlima hadi juu ambako hungedhani mtu anaweza kusimama na jembe. Mboga hizi hushuka kwenye matenga hadi barabarani, Fuso zikazipakia usiku kwenda Dar. Kwenye kijinjia chembamba utakutana na mama mwenye tenga kichwani akiteremka kwa mwendo wa haraka. Mpishe, na ujue pa kumpishia: simama upande wa mlima, mgongo kwenye ukuta wa udongo, umwachie yeye njia nzima. Usisimame upande wa bonde, na usimsemeshe mpaka amepita. Tenga lililojaa halisimami kwa salamu. Yeye mwenyewe akifika pazuri ataitikia bila kugeuka.

Wengine wote wasalimie. Shikamoo kwa mkubwa, kila mara, hata kama umeshaisema mara arobaini tangu asubuhi. Kundi la watu waliovaa miwani ya jua wanaopita kimya katikati ya shamba la mtu ni kioja.

Mteremko wa kuelekea Rangwi huwaadhibu wenye magoti. Kata fimbo mapema, au tuseme nunua. Kukata mti wa mtu ni kesi. Udongo ukiwa umelowa, weka mguu wote chini kwa pamoja, kisigino kisitangulie, piga hatua fupi, na kanyaga penye nyasi au mizizi ya pembeni. Ukianguka, watoto watacheka. Cheka nao, msafiri asiyecheka akianguka huwa anaanguka tena.

8. Nyumbani kwa watu

Mwongozaji atatangulia kupiga hodi. Subiri nje mpaka ukaribishwe, vua viatu mlangoni, keti unapooneshwa. Chai itakuja kabla ya maswali. Kunywa hata nusu kikombe. Kama hutumii sukari, sema mapema, ikishatiwa, imetiwa.

Halafu ni maji ya kuoga. Yatakuja kwenye ndoo, nusu yametoka mekoni yakitoa mvuke na nusu ni ya bomba la kijiji, kopo likielea juu. Bafu liko nyuma ya nyumba: mabati matatu, jiwe bapa la kusimamia, mara nyingi bila paa. Tundika kanga kwenye msumari, usiiweke chini. Jimwagie makopo mawili, funga mkono, jisabuni mwili mzima, kisha suuza kuanzia kichwani. Ndoo moja inatosha, na hata robo inabaki ya miguu. Mtu anayemaliza ndoo na kuomba nyingine ajue kuni za kuichemsha zimetoka mbali kichwani mwa mtu, na pengine bomba limeshakauka kwa siku hiyo. Ukimaliza, mwaga povu, rudisha ndoo na kopo jikoni, sema asante.

Choo ni cha shimo. Nenda nazo karatasi zako, na ziache humo. Pedi na plastiki zirudi nawe hadi Lushoto. Usiku acha ndala na tochi mlangoni ili usipapase.

Ukitaka kukaa jikoni jioni, omba. Kwa kawaida jiko ni chumba chake peke yake, mbali kidogo na nyumba kubwa, moshi ukijitafutia njia chini ya bati. Ni uwanja wa mama na binti zake. Mwanamke mgeni atapewa kigoda na ungo wa maharage ya kuchambua bila kuombwa mara mbili, mwanamume huenda akarudishwa barazani kwa baba kwa maneno matamu. Asione vibaya. Baraza nayo ina mazungumzo yake: bei ya viazi, mvua, barabara, mtoto aliyeko Dar ambaye hapokei simu. Anayekaa kigodani atajua upesi mahali moshi unapoelekea na atainamisha kichwa chini yake, macho yakitoka machozi, huku akitafuta mawe madogo kwenye maharage. Uliza mambo ya kawaida. Usiulize kipato, na usiseme "maskini" kwa sauti ya huruma mbele ya watu waliokupa godoro lao.

Chakula ni ugali au wali, maharage, kabeji au mboga za majani, viazi, siku nyingine makande. Kijana atakuja na birika na beseni kukunawisha. Kinga mikono yote miwili. Wewe ndiye utakayeambiwa uanze, kwa hiyo pakua kiasi kwa kuwa waliobaki wanakusubiri. Kumaliza ulichopakua ni adabu, kuongeza kidogo ni sifa kwa mpishi. Wakitaka kukuchinjia kuku na haikuwa kwenye makubaliano, mwongozaji aseme mapema kama ni zawadi au ni ya kulipia. Pombe uliza kwanza ni nyumba ya namna gani. Ipo pombe ya miwa kijijini, lakini kuileta kwenye nyumba isiyokunywa ni kukata urafiki ukiwa bado mchanga.

Picha: uliza, subiri jibu, halafu piga. Watoto waombewe ruhusa kwa wazazi. Kama umeahidi kutuma, tuma; mwongozaji ana WhatsApp na atapita tena hapo kabla ya mwezi kuisha.

Wageni wawili ambao si mume na mke wasishangae kutenganishwa vyumba. Hilo halijadiliwi, wala msilijadili.

Asubuhi kunja blanketi, vuta shuka, toa takataka zako. Mpe mama haki yake kwa mkono wa kulia, pembeni kidogo na majirani, ukitaja ni ya nini: "Mama, hii ni ya malazi na chakula, na hii sukari ni ya watoto." Kutaja kunamlinda yeye na kunamlinda mwongozaji. Na umuage kila mmoja. Kuondoka kimya kwa kuwa babu bado amelala si vizuri, mwambie anayebaki amfikishie salamu.

9. Afya, kwa ufupi

Maji yote ya kunywa yachemshwe au yatiwe dawa, hata ya chemchemi inayong'aa. Malaria mlimani ni chache kuliko Mombo lakini ipo, kwa hiyo chandarua kikiwepo kishushe. Usitembee pekupeku ndani wala nje, funza wapo. Wilaya hii ilisumbuliwa na milipuko ya tauni tangu 1980 hadi miaka ya mwanzo ya 2000. Basi panya aliyekufa usimguse, chakula kifunike, na begi lisilale sakafuni likiwa na makombo. Malengelenge ya mguu yatibu ukianza kuhisi joto, usisubiri yatoke.

Jambo kubwa likitokea, zahanati ya kijiji kwanza, kisha bodaboda hadi barabara kuu na gari hadi hospitali ya wilaya Lushoto; upande wa kusini iko hospitali ya Bumbuli. Mwongozaji awe na namba ya bodaboda wa kila kijiji. Hiyo nayo muulize kabla hujamlipa.

10. Mtae na kurudi

Mtae imekaa juu ya mgongo mwembamba wa mlima, bonde kushoto na bonde kulia. Upande wa kaskazini ni tambarare ya Mkomazi, hifadhi ya taifa tangu 2008, na milima ya Upare iko ng'ambo. Asubuhi za anga safi wenyeji watakuonesha Kilimanjaro, wakati mwingine hata wakati wewe unaona wingu tu. Ukiwa na siku ya ziada, nenda Mambo, kijiji jirani chenye ukingo mkali zaidi, au rudi kwa njia ya Mlalo uone mji wenye nyumba za udongo za ghorofa na kanisa la misheni iliyoanzishwa 1891.

Basi la kwenda Lushoto huondoka alfajiri, giza bado. Jioni yake mwongozaji amwone konda akuwekee nafasi, na mwambie mama mwenye nyumba usiku uleule kwamba hutakunywa chai asubuhi, la sivyo ataamka saa 9 usiku kukuwashia moto. Mlipe usiku huo pia. Njia ni ya vumbi au matope kutegemea mwezi, na basi husimama kila kijiji kupakia watu na matenga, hivyo usikate tiketi ya ndege ya jioni hiyo. Ukifika Lushoto usikae sana mjini. Mabasi ya Arusha kwenda Dar hupita Mombo kuanzia kama saa 5 asubuhi, na mchana ukisonga yanayopita huwa yameshajaa.